Paa Lililokuwa Likifikiriwa

TANGAZO KWA WATU WOTE. Watu wote wa mji wa Mwanza na vitongoji vyake, na wote wanaofika mjini kwa miguu, kwa baiskeli na kwa mitumbwi, wanajulishwa kwamba kuanzia leo Boma halitakataa tena ombi la mtu yeyote. Kukataa kumefutwa. Kwa amri.

Karani Yunus bin Bilali alilisoma tangazo hilo kwenye ngazi za Boma asubuhi ya Jumatatu moja ya mwaka 1933, akiwa ndani ya koti la khaki lililopigwa pasi hadi likawa linaweza kusimama peke yake. Alilisoma mara mbili, na mara ya pili alipandisha sauti kwa ajili ya watu wa Kisesa waliochelewa kufika. Shangwe zilizofuata zilisikika mpaka sokoni. Mzee Ndalahwa, ambaye kwa miaka miwili alikuwa anaomba ruhusa ya kuchimba kisima kwenye kiwanja chake mwenyewe, alimkumbatia askari wa zamu bila kuomba ruhusa.

Iliwachukua watu miezi mitatu kugundua kwamba Boma, pamoja na kutokataa, lilikuwa halikubali pia.

Yunus aliwaonea huruma watu wa namna hiyo. Ndiyo na hapana, aliwaeleza kwa upole dirishani pake, ni majibu ya dukani. Unauliza kama kuna chumvi, unajibiwa ipo au haipo, unakwenda zako. Serikali si duka. Serikali ina jibu la tatu, nalo ni kwamba ombi lako linafikiriwa. Likikomaa hufikiriwa sana. Na likibahatika kufika daraja ya juu hufikiriwa kwa makini, na hapo jalada lake hufungwa utepe mwekundu na kuingizwa katika kabati refu la mninga nyuma ya meza ya Bwana Shauri, mkuu wa wilaya. Hakuna jalada lililowahi kutoka katika kabati hilo. Kwa Yunus hiyo ilikuwa dalili tosha kwamba huko ndani kazi ilikuwa inaendelea.

Bwana Shauri mwenyewe alikuwa Mwingereza mrefu, mwenye shingo nyekundu na adabu nyingi, ambaye watu wa mji walimwita Bwana Tutaona, kwa kuwa hilo ndilo neno la Kiswahili alilolitamka vizuri kuliko yote. Alikuwa nchini mwaka wa kumi na moja na katika wilaya ya nne, na hajalaumiwa hata mara moja. Angelaumiwa kwa lipi? Mtu hulaumiwa kwa alichoamua. Dar es Salaam walimtaja kama mfano wa afisa makini, na ilisemekana angepandishwa cheo mara tu atakapopatikana mtu wa kuliamua hilo.

Mambo yakawa yanakwenda kwa utulivu huo mpaka alipotokea Sihaba.

Sihaba alikuwa mjane, msuka mikeka, akiishi mjini na mama yake mzazi, Bi Mwanaharusi, katika nyumba ya udongo iliyoezekwa nyasi. Nyasi zilikuwa zimechoka. Kanuni za mji zilisema hakuna kuezeka kwa nyasi bila kibali, kwa kuhofia moto, na anayeezeka bila kibali nyumba yake hubomolewa. Zilisema pia kwamba viwanja vyote ni vya serikali, na anayehama kabla ya kujibiwa ombi lake huhesabiwa amekitupa kiwanja. Kwa hiyo Sihaba hakuweza kuezeka, na hakuweza kuondoka. Alichoweza kufanya ni kuweka sufuria.

Alikuwa amekwisha kununua nyasi mpya, mizigo ishirini kutoka Kisesa, akaipanga kando ya mlango kungojea kibali. Ilipofika mara yake ya saba dirishani kwa Yunus, nyasi hizo zilikuwa zimeanza kuota uyoga.

"Bi Sihaba, habari njema," Yunus alimwambia. "Ombi lako limepanda. Sasa linafikiriwa kwa makini."

"Karani, na mvua je? Nayo inafikiriwa?"

"Mvua haiko chini ya ofisi hii."

"Mama yangu kifua kinambana. Usiku kucha anakohoa, godoro limeloa mpaka sakafuni. Mimi simwombi bwana wako anipe chochote. Aniambie ndiyo, nipande juu nikaezeke. Aniambie hapana, nimbebe mama yangu nikakae kwa kaka yangu Igoma, nijue moja."

"Hapana haipo, dada. Imefutwa. Nilisoma mwenyewe tangazo."

Sihaba alimtazama kwa muda mrefu kuliko inavyoruhusiwa dirishani, kisha akaondoka bila kuaga. Yunus alihisi kitu kama aibu, lakini akakumbuka kwamba hakukuwa na fomu yake.

Sihaba alikwenda moja kwa moja kwa Natvarlal, ambaye mbele ya duka lake la vitambaa alikuwa ameweka meza na taipureta, akiwaandikia watu maombi yao kwa lugha ambayo serikali huipenda. Natvarlal alimsikiliza huku akipangusa miwani.

"Mama, wewe unataka nyumba au unataka jibu?"

"Nataka jibu. Nyumba ninayo."

"Basi tusiombe kibali tena. Hicho utakiomba mpaka uzeeke. Twende mahakamani. Tumwombe hakimu amwamuru Bwana Shauri aseme neno moja tu, lolote atakalo."

"Na hakimu ni nani?"

Natvarlal aliacha kupangusa miwani. "Bwana Tutaona."

"Yule yule?"

"Yule yule. Ila Alhamisi anavaa koti jeusi."

Hapa ni lazima kueleza busara ya serikali, kwa wasioijua. Ili kuokoa viti, serikali ilikuwa imempa mtu mmoja kazi mbili. Siku nyingine zote Bwana Tutaona alikuwa Bwana Shauri, akikaa meza ya dirishani inayotazama ziwa. Alhamisi aliingia katika chumba hicho hicho kwa mlango wa nyuma, akapanda jukwaa, akakaa kwenye meza ya pili, akawa Hakimu. Na hapo, ajabu, alikuwa mwepesi wa kuamua kupita kiasi. Alikata mashauri tisa kabla ya chai. Wapo waliojiuliza mtu mmoja anawezaje kuwa mzito hivyo upande huu wa chumba na mwepesi hivyo upande wa pili. Yunus, aliyekuwa karani wa meza zote mbili, hakuona kitendawili chochote. Kwenye meza ya kwanza lawama ingemwangukia bwana mwenyewe. Kwenye ya pili ilimwangukia aliyehukumiwa.

Na bwana alijivuna kwamba hazichanganyi kazi zake. Jambo la meza moja halikuzungumzwa kwenye nyingine ila kwa barua.

Kwa hiyo lalamiko la Sihaba lilipopigwa mhuri, Yunus aliandika samansi, akaichukua kutoka meza ya mahakama, akatoka kwa mlango wa nyuma, akalizunguka Boma lote kwenye jua, akaingia kwa mlango wa mbele na kubisha hodi.

"Nini hiyo?" aliuliza Bwana Shauri.

"Samansi, bwana mkubwa. Kutoka mahakamani. Unaitwa Alhamisi."

Bwana Tutaona aliisoma, akatia sahihi ya kuipokea, kisha akafungua shajara yake na kutikisa kichwa. "Haiwezekani. Alhamisi kutwa niko mahakamani."

"Nimjibu hakimu hivyo?"

"Mjibu hivyo. Na mwambie aache kuwasumbua watu wenye kazi."

Jioni hiyo ilimbidi Yunus apeleke pia taarifa ya tarehe kwa mlalamikaji, na mvua ikamkuta njiani. Alibisha kwa Sihaba akiwa ameloa, akakaribishwa ndani, akakuta ndani kunanyesha kama nje. Sufuria, beseni, vibuyu na hata kinu vilikuwa vimepangwa sakafuni vikipokea matone. Mikeka iliyosukwa tayari ilikuwa imeota ukungu. Katika pembe moja iliyobaki kavu alikaa Bi Mwanaharusi, amejikunyata na kanga mbili.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Sogea huku, hapo ulipo panavuja. Wewe ni mtoto wa nani?"

"Wa Bilali, bibi. Bilali fundi viatu."

"Bilali! Mimi ndiye niliyemzalisha mama yako. Wewe ulikuja miguu kwanza." Alikohoa mpaka machozi yakamtoka. "Umetuletea ruhusa?"

Yunus alisema hapana. Lilikuwa neno jepesi sana kinywani, na lilimuuma. Alikwenda nyumbani kwake, chini ya paa zima.

Alhamisi chumba kilijaa. Bwana Tutaona aliingia kwa mlango wa nyuma na koti lake jeusi, akapanda jukwaa, akaita shauri la kwanza. Sihaba alisimama. Upande wa mlalamikiwa hapakuwa na mtu.

"Mlalamikiwa yuko wapi?"

Chenge, askari wa mahakama, alikwenda mlangoni kama desturi inavyotaka, akaita mara tatu kwa sauti ya kijeshi: "Bwana Shauri wa Mwanza! Bwana Shauri wa Mwanza! Bwana Shauri wa Mwanza!" Nje mbuzi mmoja aligeuka.

"Hayupo, bwana hakimu."

"Alipelekewa samansi?"

"Alipelekewa," alisema Yunus, "na akaipokea kwa mkono wake. Alisema mahakama iache kuwasumbua watu wenye kazi."

Shingo ya Hakimu ilizidi wekundu. "Alisema hivyo?"

"Maneno yake mwenyewe, bwana hakimu."

Sihaba aliulizwa, akaeleza: mara saba dirishani, mizigo ishirini ya nyasi, kifua cha mama yake. Alieleza bila kulia, na watu waliomjua wakatazama chini. Hakimu aliandika kila neno, na kadiri alivyoandika ndivyo kalamu ilivyozidi kukwaruza.

"Yaani mtu mzima, anayelipwa mshahara na serikali, ameshindwa kusema ndiyo au hapana?"

"Ndiye huyo, bwana hakimu," alisema Sihaba.

"Mahakama hii haitavumilia uzembe kama huu! Karani, fomu!"

Katika mtoto wa meza mlikuwa na fomu za hukumu za aina mbili. Moja ilikuwa ya walevi. Nyingine ilikuwa ya wenye nyumba wakaidi, na hiyo Hakimu aliitunga mwenyewe mwaka uliotangulia, baada ya mwenye nyumba mmoja kuwaacha wapangaji wake wanyeshewe. Ilisema kwamba ndani ya siku saba mkaaji na watu wake watahamia katika nyumba anayoishi mwenye mali, na watakaa humo hadi paa lao litakapokamilika. Ilisema pia kwamba mwenye mali ataezeka kwa mkono wake mwenyewe, bila kusaidiwa na mtumishi wake, maana yule wa kwanza alikuwa ametuma kibarua, na kibarua akaezeka upande mmoja tu. Mji mzima uliisifu fomu hiyo. Nakala yake ilipelekwa Dar es Salaam.

Baadaye Yunus aliapa kwamba aliichukua tu iliyokuwa juu. Aliandika jina la mlalamikaji na cheo cha mlalamikiwa, kwa kuwa kiwanja ni cha serikali na serikali Mwanza ni yeye, akaweka mhuri. Hakimu alitia sahihi bila kusoma. Alikuwa na mashauri mengine manane kabla ya chai.

Ijumaa Yunus alilizunguka tena Boma, akabisha hodi.

Bwana Shauri aliisoma hukumu mara tatu. "Kwa mkono wangu mwenyewe?"

"Ndivyo ilivyoandikwa, bwana mkubwa."

"Ndani ya siku saba! Huyu hakimu ni mtu hatari. Hajui kabisa ugumu wa kazi ya utawala." Alishika kichwa. "Basi nasema ndiyo! Nimekubali! Mwambie huyo mama aezeke."

Yunus alishtuka. Katika miaka yake yote pale Bomani hakuwahi kulisikia neno hilo. "Ndiyo yako nimeiandika, bwana mkubwa. Lakini nyasi zake zimekwisha kuoza zikiingojea. Na hukumu haisemi aezeke yeye."

Kuichana hukumu haikuwezekana, kwa kuwa ilikuwa imekwisha kuingia katika daftari linalokaguliwa na Dar es Salaam. Kuitengua kungekuwa kukiri kwamba mmoja kati yao wawili amekosea, na aliyekosea hulaumiwa. Ilibaki kumwomba Hakimu kwa barua, na Alhamisi Hakimu akaipokea, na ikambidi atoe jibu ambalo hulitoa kwa barua zote za namna hiyo, kwamba mwenye ombi aje mwenyewe asimame kizimbani.

Kwa hiyo mbele ya watu wote Bwana Tutaona alivua koti jeusi, akateremka jukwaani, akaenda kusimama kizimbani na kukohoa kidogo.

"Naiomba mahakama ibadilishe amri yake."

Watu walikitazama kizimba, wakakitazama na kiti kitupu kule juu. Yunus alisubiri kwa muda unaostahili, kisha akasimama.

"Hakimu ametoka. Kikao kimeahirishwa."

Bwana Tutaona alirudi jukwaani kwa hatua ndefu, akaketi, akavaa koti. "Kikao kinaendelea! Mlalamikiwa aseme!"

Chenge aliinamia kizimba akachungulia mpaka chini. "Mlalamikiwa ametoroka, bwana hakimu."

"Tena?" alifoka Hakimu, kwa hasira ya kweli, kabla hajakumbuka. Lakini kalamu ya Yunus ilikuwa haisubiri mtu kukumbuka, na tayari ilikwisha kuandika kwamba amri inabaki kama ilivyo.

Siku ya saba Chenge alifika kwa Sihaba na gari la kukokotwa, akapakia godoro, sufuria na kinu, akampandisha Bi Mwanaharusi juu yake, akawapeleka mpaka kwenye nyumba ya Bwana Shauri, ile ya mabati mekundu iliyojengwa juu ya mawe, ziwa likiwa limeizunguka pande tatu. Bi Mwanaharusi alilazwa kwenye kitanda cha chuma, chini ya chandarua, akatazama juu kwa muda mrefu.

"Hapavuji," alimwambia binti yake, akalala. Sihaba alikaa kando ya kitanda akilia, sasa kwa kuwa palikuwa pakavu pa kulilia.

Bwana Tutaona alihamia Bomani na kitanda cha safari, akakitandika katikati ya meza zake mbili. Huko hakukuwa na bafu wala jiko. Baada ya siku nne alimwuliza Yunus nyasi hupatikana wapi.

Ndipo Mwanza ikaona jambo ambalo halikuwa limetangazwa mahali popote. Bwana Tutaona alirudi kutoka njia ya Kisesa nyuma ya mizigo ya nyasi aliyoikata mwenyewe, viganja vimechubuka, akaegemeza ngazi kwenye ukuta wa Sihaba na kupanda. Ngazi ilikuwa fupi na ardhi tope. Aliita askari aje kuishika, na Yunus, aliyekuwa chini na daftari, akamkumbusha kwamba hukumu inakataza mwenye mali kusaidiwa na mtumishi wake, na askari ni mtumishi wa serikali. Raia mwema akijitolea, hilo halikutajwa.

Raia mwema alikuwapo. Mzee Ndalahwa alisogea, akaishika ngazi kwa mikono miwili, akatazama juu.

"Bwana mkubwa, shikamoo. Mimi ni yule wa kisima."

"Linafikiriwa, mzee. Shikilia vizuri!"

"Naam. Na mimi nafikiria kwenda zangu, mikono imechoka." Ngazi iliinama kidogo upande wa tope.

"Ndiyo! Ndiyo! Chimba! Karani, andika anaruhusiwa kuchimba!"

Yunus aliandika. Mzee Ndalahwa alishukuru kwa adabu, akampisha Dorotea, aliyetaka kuuza samaki wa kukaanga karibu na gati. Dorotea alipata jibu kabla hajamaliza kuuliza. Akaja Taherali na ombi lake la mlango wa pili wa ghala, akaja mwalimu wa madrasa, wakaja watu wa Sengerema waliovuka kwa mtumbwi mara tu waliposikia. Mstari ulipinda mpaka nyuma ya soko. Kila mmoja alishika ngazi kwa zamu yake, akasema shida yake kwa maneno machache, akajibiwa. Wengine waliambiwa hapana, nao waliondoka wakitabasamu kuliko hata waliokubaliwa, kwa kuwa sasa walijua moja. Yunus aliandika mpaka wino ukaisha, akaendelea kwa penseli. Hakuna lililofungwa utepe.

Alasiri, Bwana Tutaona aliufunga mzigo wa mwisho wa nyasi. Alikuwa na nyasi masikioni, na mgongo wake ulikuwa umegoma kunyooka. Sihaba alikuwa ameteremka kutoka kule kwenye mawe kuja kuitazama kazi. Alilizunguka paa lote kwa nje, taratibu, mikono nyuma. Kisha akaingia ndani.

"Limekaa sawa, mama?" aliita Bwana Tutaona kutoka juu ya ngazi. "Mnaweza kurudi?"

Ndani, Sihaba alisimama pale palipokuwa na kitanda cha mama yake, akainua uso, akaona upenyo wa mwanga mdogo kama punje ya mtama. Hakuhitaji kulifikiria jambo hilo.

"Hapana," alisema. "Fumua upande wote huo, uanze upya."

Yunus aliliandika jibu hilo na saa yake. Bwana Tutaona akaanza kufumua.